Saini ya Ridhaa Haikufungi

Kuanzia Kilwa hadi Newala wengi huamini kwamba ukishatia saini ya kushiriki majaribio ya dawa, huna tena njia ya kutoka. Si kweli. Tangu 1964 Azimio la Helsinki, mwongozo wa madaktari duniani kuhusu maadili ya utafiti kwa binadamu, limetambua haki ya mshiriki kujitoa wakati wowote, na matibabu yako ya kawaida hayapaswi kuguswa. Asiyejua kusoma husomewa fomu mbele ya shahidi asiye mtafiti, kisha huweka dole gumba. Dai nakala yako; ina namba za simu za kamati ya maadili, inayolinda haki za washiriki. Ila usiache dawa kimyakimya: mwambie daktari kwanza, kwa kuwa baadhi zikikatwa ghafla hudhuru, na dozi hupunguzwa polepole.