Je, wajua? Mtu mmoja aliwezaje kuandika sehemu 378 za tamthilia za upelelezi?

Tuanze na hesabu. Kati ya Januari 1969 na Oktoba 1998, kituo cha televisheni cha ZDF nchini Ujerumani kilirusha tamthilia mbili za polisi wa mji wa München. Ya kwanza, Der Kommissar, ilikuwa na sehemu 97. Ya pili, Derrick, ilifika sehemu 281. Jumla ni 378, na kila moja inachukua kama saa nzima. Waongozaji walibadilika mara kwa mara na waigizaji walikuja wakaenda, lakini miswada yote, ya kwanza hadi ya mwisho, ilitoka kwa mtu mmoja: Herbert Reinecker.

Aliyewahi kukaa mezani akajaribu kuandika hata muswada mmoja wa saa moja anajua uzito wa jambo hili. Lazima apatikane maiti, wapatikane washukiwa, siri ifichwe isionekane mapema, kisha ifumbuliwe bila mtazamaji kuhisi ametapeliwa. Kufanya hivyo mara kumi ni kazi. Mara 378?

Reinecker alizaliwa tarehe 24 Desemba 1914 katika mji wa Hagen. Maana yake ni kwamba Derrick ilipoanza Oktoba 1974 yeye alikuwa na miaka 59, umri ambao wengi wetu tunahesabu miezi ya kustaafu. Ilipokwisha alikuwa na miaka 83. Na kwa muda wa zaidi ya mwaka mmoja, kuanzia 1974 hadi Januari 1976, aliziandika tamthilia zote mbili kwa pamoja.

Kipindi hicho cha mwingiliano kina kisa kinachoonyesha jinsi alivyoushika ulimwengu wake mkononi. Katika Der Kommissar kulikuwa na askari kijana aitwaye Harry Klein, aliyeigizwa na Fritz Wepper. Derrick ilipohitaji msaidizi, Reinecker hakubuni mtu mpya. Alimhamisha Harry huyohuyo kutoka tamthilia moja hadi nyingine, kama askari wa kweli anavyopewa uhamisho wa kikazi. Nafasi iliyobaki wazi ikajazwa na Erwin Klein, ndugu yake Harry, na aliyemwigiza Erwin alikuwa Elmar Wepper, ndugu wa damu wa Fritz.

Sasa, aliwezaje? Sehemu ya jibu iko katika ratiba. Ijumaa usiku ZDF haikuonyesha tamthilia moja tu ya upelelezi. Derrick ilipokezana zamu na nyingine, kwa mfano Der Alte iliyoanza 1977. Ukigawa 281 kwa miaka 24 unapata sehemu kumi na mbili hivi kwa mwaka, yaani muswada mmoja kila mwezi. Ni kasi kubwa, lakini inawezekana kwa mwenye nidhamu. Tena mtayarishaji wake alikuwa yuleyule, Helmut Ringelmann, tangu Der Kommissar hadi mwisho wa Derrick. Hakukuwa na haja ya kujieleza upya kila msimu mbele ya wakubwa wapya. Linganisha na Tatort, tamthilia maarufu ya mtandao pinzani wa ARD iliyoanza Novemba 1970. ARD ni muungano wa vituo vya mikoa, na kila kituo kina wapelelezi wake, mji wake na waandishi wake. Huko isingewezekana mtu mmoja kuishika kalamu peke yake.

Ila ratiba haiandiki hadithi. Jibu lenyewe, kwa maoni yangu, ni kwamba Reinecker hakuwa akitunga mafumbo. Mwandishi wa mafumbo huchoka, kwa sababu milango iliyofungwa kwa ndani na sumu zisizojulikana zina mwisho. Yeye alikuwa na swali moja alilolirudia tena na tena: mtu wa kawaida, mwenye nyumba nzuri na familia na heshima mtaani, anafikaje mahali pa kuua? Majibu ya swali hilo ni mengi kama watu wenyewe. Baba anayemlinda mwana asiyestahili kulindwa, mke aliyenyamaza miaka mingi, mfanyabiashara anayeona kitu chake kimoja tu cha thamani kikichukuliwa. Ukiwa na swali la namna hiyo, kila mwezi unabadilisha familia na kuingia nyumba nyingine.

Ndiyo maana sehemu za mwanzo za Derrick zilithubutu kumwonyesha muuaji mapema kabisa. Mtazamaji alimjua kabla mpelelezi hajafika, na kilichobaki ni kumtazama mtu huyo akijaribu kuishi na alichokitenda huku Derrick akimkaribia polepole. Wamarekani walikuwa wakifanya jambo linalofanana na hilo katika tamthilia yao ya upelelezi, Columbo. Watazamaji wengi wa Ujerumani hawakuupenda utaratibu huo. Walitaka kubahatisha muuaji wenyewe, na tamthilia ikarudi kwenye njia ya kawaida. Nasikitika kwa hilo, kwa sababu naona utaratibu ule wa mwanzo ndio uliomfaa Reinecker kuliko wote.

Derrick mwenyewe, aliyeigizwa na Horst Tappert, ni mpelelezi wa ajabu ukimlinganisha na wa leo. Hapigani sana, na mambo ya nyumbani kwake hatuyaoni ila kwa nadra. Silaha yake ni kuingia sebuleni kwa watu, kukaa, kuuliza, kunyamaza, kisha kuuliza tena. Kwa mwandishi anayetoa muswada kila mwezi, na kwa mtayarishaji anayehesabu gharama, mpelelezi wa namna hii ni neema: zinahitajika sebule chache, gari, ofisi, na waigizaji wanaojua kukaa kimya mbele ya kamera.

Mazungumzo aliyoyaandika Reinecker nayo yalikuwa na mdundo ambao Wajerumani waliutambua mara moja, na wengine waliuiga kwa kuchekesha. Watu wake hurudia maneno ya wenzao. Huu hapa mfano niliotunga mwenyewe kuonyesha mtindo tu:

“Ulimwona jana usiku?”
“Nilimwona?”
“Ndiyo. Ulimwona?”
“Nilimwona bustanini.”
“Bustanini.”

Wakosoaji walisema ni njia ya kujaza dakika. Huenda kuna ukweli ndani yake. Lakini ukisikiliza vizuri, mtu anayerudia swali mara nyingi anatafuta muda wa kuamua kama atasema kweli, na Reinecker alijua kwamba hapo ndipo hadithi ilipo. Jambo lingine la kushangaza: sentensi ambayo Wajerumani wengi huinukuu kama ya Derrick, ile ya kumwambia Harry atangulie kuleta gari, haikuwahi kutamkwa kwa maneno hayo katika tamthilia hiyo. Imeishi midomoni mwa watu tu.

Derrick iliuzwa katika nchi zaidi ya 100.

Reinecker hakuanzia kwenye televisheni. Katika miaka ya 1960 aliandika filamu zilizotokana na riwaya za Mwingereza Edgar Wallace, nyingine akitumia jina la bandia, Alex Berg. Kabla ya hapo, mwaka 1954, aliandika muswada wa Canaris, filamu kuhusu mkuu wa ujasusi wa kijeshi wa Ujerumani aliyenyongwa na utawala wa Hitler. Na kabla ya hapo kuna sura ambayo haiwezi kurukwa.

Wakati wa utawala wa Wanazi, Reinecker alikuwa mhariri wa magazeti ya umoja wa vijana wa Hitler, kisha mwandishi wa habari za vita katika kikosi cha propaganda cha SS, jeshi la chama cha Wanazi. Mwaka 1944, yeye na mwongozaji Alfred Weidenmann walitoa filamu ya Junge Adler, iliyotengenezwa kuwatia vijana ari ya kuutumikia utawala ule. Mmoja wa vijana walioonekana humo kwa mara ya kwanza ni Hardy Krüger. Msomaji wa Arusha atalijua jina hilo: ndiye aliyekuja Tanganyika kuigiza katika filamu ya Hatari!, iliyotoka 1962, akapapenda Momella chini ya Mlima Meru hadi akanunua shamba huko. Krüger aliyapa kisogo mapema mambo ya Wanazi na kuyapinga hadharani kwa maisha yake yote.

Reinecker yeye aligeukia kazi nyingine. Mwaka 1990 alichapisha kitabu kuhusu maisha yake na nyakati alizopitia. Wapo wanaoziona zile sehemu 378 za watu wenye hatia ndani ya nyumba safi kama ungamo lake refu. Wapo wanaosema ni kinyume chake, kwamba kila Ijumaa taifa zima lilipewa hatia ya mtu mmoja, ikamalizwa kwa saa moja, watu wakalala. Mimi nimezitazama nyingi nikiwa na maswali hayo mawili kichwani, na naegemea upande wa pili, ingawa zipo nyakati, Derrick anapokaa kimya mbele ya mzee asiyetaka kukumbuka, ambapo nayumba.

Alifariki tarehe 27 Januari 2007 akiwa na miaka 92. Tappert alimfuata Desemba 2008. Mwaka 2013 ikafichuka kwamba Tappert naye, katika ujana wake, alikuwa askari wa Waffen-SS, tawi la vita la SS, na alilificha jambo hilo, na ZDF ikaacha kurudia kuonyesha Derrick. Kwa miaka 24 mtu huyo alikuwa ameingia sebule za watu akiwauliza walikuwa wapi na walifanya nini, kwa maneno aliyoandikiwa na mwandishi wa habari wa SS.