Mwendesha mashtaka na jaji: kwa nini kazi zao zimetenganishwa

Mahakama haitafuti kesi. Jaji akisoma gazetini kwamba kiongozi fulani amefuja fedha za umma, hawezi kumwita kizimbani kesho yake ajieleze. Hukaa akisubiri mtu alete shauri. Kwenye makosa ya jinai, mara nyingi mtu huyo ni mwendesha mashtaka, naye husimama kwa niaba ya umma, si kwa niaba ya aliyeibiwa au aliyepigwa. Ndiyo maana mlalamikaji huingia mahakamani kama shahidi, na kwenye makosa makubwa kauli yake kwamba amesamehe haifuti kesi kwa yenyewe.

Kiini cha mgawanyo huu ni hiki: anayeshtaki hahukumu, na anayehukumu hachagui wa kushtakiwa. Watu wengi hulikodolea macho jengo la mahakama wakidhani madaraka yote yamo humo. Sehemu kubwa imekwisha kutumika kabla jaji hajaona karatasi hata moja, pale mwendesha mashtaka anapoamua nani ashtakiwe, kwa kosa gani, na nani aachwe.

Uamuzi huo hufanyika juu ya jalada. Polisi wakishapeleleza huleta maelezo ya mashahidi, orodha ya vielelezo, ripoti za wataalamu na maelezo ya mtuhumiwa. Mwendesha mashtaka hujiuliza maswali mawili, kwa mpangilio huu: je, ushahidi unatosha kuleta matumaini ya kweli ya kumtia mtu hatiani? Na kama unatosha, je, kumshtaki kuna manufaa kwa umma? Uingereza na Wales, ambako hadi 1986 polisi wenyewe ndio waliokuwa wakiendesha mashtaka mengi, zina mwongozo ulioandikwa unaofuata hatua hizo hizo mbili. Swali la pili haliokoi jalada lililoanguka kwenye la kwanza, hata kosa liwe zito kiasi gani.

Chukua jalada la unyang'anyi wa usiku. Shahidi anasema alimtambua mshtakiwa. Mwendesha mashtaka makini haishii hapo. Mwanga ulitoka wapi na ulikuwa mkali kiasi gani? Walikuwa umbali gani? Tukio lilichukua dakika ngapi? Shahidi alimfahamu mtu huyo kabla, na je, alimtaja au kueleza sura yake mara tu alipofika polisi, au jina lilijitokeza wiki tatu baadaye? Kisha anageukia simu iliyokamatwa: nani aliichukua, nani aliipokea, ilitunzwa wapi, na kila makabidhiano yana saini? Saini moja ikikosekana, utetezi utauliza kama simu iliyopo mahakamani ndiyo ile iliyokamatwa. Jalada lenye mapengo ya namna hii hurudishwa kwa wapelelezi. Likipelekwa mahakamani hivyo hivyo, upande wa mashtaka ukifunga ushahidi wake jaji anaweza kusema mshtakiwa hana kesi ya kujibu, na huyo akaenda zake bila kutoa hata neno la kujitetea.

Je, mwendesha mashtaka anaruhusiwa kuacha kesi yenye ushahidi wa kutosha? Nchi hazikubaliani. Katiba ya Italia, ibara ya 112, inamlazimu ashtaki. Ujerumani nayo huanza na kanuni ya wajibu, ingawa sheria yake ina milango kadhaa ya kufunga makosa madogo. Marekani na Uingereza humwachia hiari pana. Kwa maoni yetu tofauti hii ni ndogo kuliko inavyoonekana vitabuni. Majalada yakizidi watumishi, lazima mengine yatangulie na mengine yasubiri, na huko nako ni kuchagua. Afadhali uchaguzi huo ufuate mwongozo uliochapishwa, ambao mtu wa nje anaweza kuusoma na kuhoji.

Swali gumu zaidi ni nani anaweza kumwamuru mwendesha mashtaka. Italia imemweka katika mfumo mmoja na majaji. Majimbo mengi ya Marekani humchagua kwa kura, na hapo hofu ya kuamriwa na waziri hubadilika kuwa hofu ya wapiga kura. Katiba ya Kenya ya 2010 inampa Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma kipindi kimoja cha miaka minane, hakirudiwi, na inasema hahitaji idhini ya mtu yeyote kufungua kesi. Mei 2019 Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya iliamua kwamba waendesha mashtaka wa Ujerumani hawawezi kutoa hati ya kukamata ya Ulaya, ambayo nchi moja ya Umoja huo huitumia kuitaka nyingine imkamate mtu na kumkabidhi, kwa sababu sheria inaacha nafasi ya waziri kuwapa maagizo kwenye kesi mahususi. Uwezekano wa agizo ulitosha. Haikuhitajika kuonyesha kwamba limewahi kutolewa katika kesi hizo.

Mahakama inazuiaje madaraka haya? Kwa kuamua dhamana, kwa kukataa ushahidi uliopatikana kinyume cha sheria, na kwa kudai kosa lithibitishwe bila kuacha shaka la msingi. Tangu kesi ya Brady dhidi ya Maryland ya 1963, upande wa mashtaka Marekani unatakiwa kumpa mshtakiwa ushahidi muhimu unaomsaidia, hata kama unaharibu kesi yao.

Lakini vizuizi hivyo hufanya kazi pale tu kesi inaposikilizwa. Mtu akishtakiwa kabla upelelezi haujakamilika, anaweza kukaa mahabusu huku kesi ikitajwa na kuahirishwa, na ushahidi haujaguswa. Akirundikiwa mashtaka mazito, anaweza kukiri dogo ili aondokane nayo. Katika mahakama za shirikisho za Marekani, zaidi ya asilimia 90 ya wanaotiwa hatiani wamekiri wenyewe, hivyo jaji hakuupima ushahidi kwa kusikiliza mashahidi. Na mashtaka yakiondolewa kabla ya hukumu, mara nyingi hiyo si kuachiwa kwa kutokuwa na hatia: mtu huweza kushtakiwa upya. Kenya imeziba sehemu ya tundu hilo kwa kutaka mahakama iridhie kabla kesi haijaondolewa.

Kutoshtaki ndiko kugumu zaidi kukuona. Hakuna hukumu, hakuna mwenendo wa kesi, hakuna cha kukatia rufaa. Ujerumani humruhusu aliyeathirika alalamike kwa mkubwa wa mwendesha mashtaka ndani ya wiki mbili. Akikataliwa, ana mwezi mmoja wa kuiomba mahakama ya juu ya jimbo iamuru mashtaka yafunguliwe, kwa ombi lililosainiwa na wakili. Uingereza na Wales, tangu 2013, mwathirika anaweza kutaka uamuzi wa kutoshtaki upitiwe upya, ila anayeupitia ni ofisi hiyo hiyo ya mashtaka.