Utovu mkubwa wa nidhamu: kosa la kufukuzwa kazi hata kama ni mara ya kwanza

Watu wengi wanadhani ukimkosea bosi vibaya anaweza kukwambia toka hapa kesho usirudi, na habari imeishia hapo. Hapana jamani, kwa sekta binafsi hapa Tanzania sheria haiko hivyo, na kuna mabosi kibao hawalijui hili.

Kawaida kosa la kwanza halikufukuzishi. Umechelewa unaonywa, ukirudia unapewa onyo la maandishi, hatua zinapanda hivyo hivyo. Utovu mkubwa wa nidhamu ni lile kosa zito kiasi kwamba hata ukilifanya mara moja tu, mwajiri hawezi tena kuendelea na wewe. Kanuni za 2007, zile GN 42 (yaani Tangazo la Serikali namba 42) ambazo watu wa HR hawaachi kuzitaja, zimetoa mifano: kukosa uaminifu kwa kiwango kikubwa, kuharibu mali makusudi, kuhatarisha usalama wa wenzio makusudi, uzembe uliopitiliza, kumpiga mfanyakazi mwenzio au mteja, na ukaidi mkubwa kwa wakubwa wa kazi.

Uzito wenyewe unapimwa kwa kuangalia na kazi ya mtu. Dereva wa basi la abiria aliyekutwa amelewa kwenye usukani huwezi kumuweka fungu moja na karani aliyekunywa bia mbili mchana, ingawa wote wamekosea. Na mtu aliyetumikia miaka 15 bila onyo hata moja, hiyo rekodi yake lazima iangaliwe.

Sasa hapa ndo wengi wanaharibu. Hata kama keshia kaiba kweli na kamera imemnasa, bado anatakiwa apewe tuhuma zake, apate muda wa kujiandaa usiopungua saa 48, aitwe kwenye kikao cha nidhamu, aje na mwenzake au mtu wa chama cha wafanyakazi, ajitetee, na kama ana mashahidi awalete. Wakati uchunguzi unaendelea mwajiri anaweza kumsimamisha ila kwa mshahara kamili, sio kumkalisha nyumbani bila hela wiki nenda rudi, huo ni uonevu. Mwajiri akiruka hatua hizi anaweza kushindwa kesi hata kama sababu yake ilikuwa nzuri.

Na ukifukuzwa kihalali kwa utovu wa nidhamu unachokosa ni kiinua mgongo, zile siku 7 za mshahara kwa kila mwaka uliotimiza. Mshahara wa siku ulizofanya kazi, hela ya likizo ambayo hukuichukua na cheti cha utumishi bado ni haki yako, usikubali kuambiwa umepoteza vyote.

Ukiona umeonewa unapeleka mgogoro Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, ndani ya siku 30 tangu uachishwe, kwahiyo usizimalize kumbembeleza bosi kwenye simu. Na ukiletewa barua ya kuacha kazi kwa hiari uisaini eti "tusifike mbali", usiharakishe, maana ukishaweka saini itabidi uanze kuthibitisha kwamba ulilazimishwa.