Kioo ni nini?

Neno kioo hubeba maana mbili: kifaa cha kujitazamia, na mada ngumu inayopitisha mwanga, ambayo hutengenezewa madirisha, chupa, bilauri na lenzi. Hapa tunazungumzia maana ya pili.

Kinachokifanya kioo kuwa kioo si malighafi yake tu, bali zaidi ni namna kilivyopoa. Vitu vingi vikiyeyushwa kisha vikapoa, atomu zake hujipanga kwa safu na kuwa fuwele, kama ilivyo chumvi; kioo hupoa kabla atomu hazijawahi kujipanga, zikaganda katika mvurugiko ule ule wa umajimaji. Wapo wanaodai kwamba bado kinatiririka polepole, na kwamba ndiyo sababu baadhi ya vioo vya makanisa ya kale ya Ulaya ni vinene upande wa chini. Dai hilo si kweli: mafundi wa zamani hawakuweza kutengeneza bamba lenye unene sawa.

Mchanga wa silika, ambao ndio malighafi kuu ya kioo, huyeyuka kwenye nyuzi 1,700 hivi za Selsiasi, joto lililozishinda tanuri za kale, hivyo mafundi waliuchanganya na magadi ili uyeyuke mapema zaidi. Hata hivyo, kioo cha mchanga na magadi pekee huliwa na maji. Chokaa ndiyo hukipa uimara.

Shanga na vyombo vya mwanzo vilitengenezwa Mesopotamia na Misri, tena kwa shida: vyombo viliundwa kwa kuzungushia kioo cha moto juu ya kiini cha udongo ambacho baadaye kilikwanguliwa. Mambo yalibadilika katika karne ya 1 KK, pale mafundi wa pwani ya mashariki ya Mediterania walipogundua kupuliza kioo kwa bomba, na chombo cha anasa kikawa cha kila siku. Bamba bapa kamilifu lilichelewa sana: ni katika miaka ya 1950 ambapo mhandisi Alastair Pilkington, huko Uingereza, alifaulu kukielesha kioo juu ya metali ya bati iliyoyeyushwa.

Ukikitazama kioo cha dirisha kwa mbele hakina rangi, lakini ukitazama ukingo wake utaona ukijani. Hicho ni chuma kidogo kilichotoka mchangani. Dirishani hakina madhara, ila katika nyuzi za kioo zinazosafirisha mawasiliano kwa mwanga uchafu huo ulikuwa kikwazo kikubwa. Mwanafizikia Charles Kao alionyesha mwaka 1966 kwamba ukiondolewa, mwanga utasafiri kilomita nyingi bila kufifia mno.