Je, Maji ya Bomba Yanatosha Kwenye Rejeta?
Vijana wengi wa Unguja na Pemba wanaofufua magari makongwe huamini kuwa kulanti, dawa inayochanganywa na maji ya rejeta (kifaa kinachopoza maji ya injini), ni ya nchi za baridi, na kwamba visiwani maji ya bomba yanatosha. Imani hiyo ina chembe ya ukweli, kwani kulanti huzuia maji yasigande. Lakini pia huzuia kutu ndani ya injini na, ikichanganywa nusu kwa nusu na maji yasiyo na chumvi, huchemka kwenye nyuzi joto zaidi ya 105 badala ya 100. Maji ya visima vyetu, yanayopita kwenye mawe ya chokaa, huacha ukoko mweupe. Tazama tu birika la nyumbani. Mwenye shaka na afungue kifuniko cha rejeta injini ikiwa imepoa kabisa, maana ikiwa ya moto maji yatamrukia usoni. Akiona humo wekundu kama wa matope, hiyo ni kutu.