Meno ya George Washington Hayakuwa ya Mbao

Simulizi kwamba George Washington, rais wa kwanza wa Marekani, alivaa meno bandia ya mbao imerudiwa kwa vizazi vingi, lakini hakuna hata seti moja inayojulikana kuwa yake iliyotengenezwa kwa mti. Alipoapishwa mwaka 1789 alikuwa amebakiwa na jino moja tu, na daktari wake wa meno, John Greenwood, alimchongea meno kutokana na meno ya kiboko, akaacha tundu la kupitisha jino hilo. Seti iliyohifadhiwa Mount Vernon, yalikokuwa makazi ya Washington, ina fremu ya madini ya risasi iliyopachikwa meno ya binadamu na ya wanyama. Yaelekea meno ya kiboko, yakishaingia madoa na nyufa nyembamba, yalifanana na mbao, na huenda hapo ndipo dhana ilipoanzia.

Jambo zito zaidi, ambalo hadithi ya mbao imelifunika, limo katika daftari la hesabu la Washington la Mei 1784: watu weusi, ambao karibu bila shaka walikuwa watumwa wake, walilipwa paundi 6 na shilingi 2 kwa meno 9. Daftari halisemi meno hayo yaliishia wapi, na ni vigumu kuyaita malipo hayo biashara ya hiari, kwani mtumwa hakuwa na uwezo wa kumkatalia bwana wake.