Mwavuli uache nyumbani, kandambili njoo nazo

Kila anayenipigia simu kutoka Tanga au Dar kuuliza habari za Iceland huanza na baridi. Jibu langu ni lile lile: kama umewahi kulala Makete mwezi wa Julai, baridi ya Reykjavík utaimudu. Mkondo wa bahari wenye joto unaotoka kusini hukipunguzia kisiwa makali, na mjini Januari wastani huzunguka nyuzi sifuri. Kinachosumbua hapa ni upepo. Ninaendesha na kuongoza wageni mwaka wa tisa sasa, na matatizo yao karibu yote yameletwa na upepo, na maji, na aibu ya bwawani. Hiyo ya bwawani nitaifikia.

Mwaka wangu wa kwanza nilisimama kujaza mafuta chini ya milima ya Eyjafjöll, nikafungua mlango wa gari la kukodi kama ninavyofungua mlango wowote. Uliniponyoka mkononi, ukazunguka hadi ukagonga ubavu wa mbele, bawaba zikapinda. Bima niliyolipia ilikuwa inalipia kila kitu isipokuwa mlango uliong'olewa na upepo. Tangu siku hiyo naegesha pua ya gari ikielekea upepo unakotoka, na mlango naushika kwa mikono miwili. Mwavuli usihangaike nao, utabaki mbavu tupu kabla hujatoka maegesho ya uwanja wa ndege wa Keflavík. Njoo na koti lisilopitisha maji wala upepo, na ndani yake vaa sufu. Pamba ikilowa haikusaidii kitu.

Kila asubuhi, kabla ya chai, fungua vedur.is uangalie hewa na umferdin.is uangalie barabara. Upepo hupimwa kwa mita kwa sekunde. Mita 10 ni siku ya kawaida. Ikifika 15, gari refu huanza kuyumba. Ikifika 20, yaani kilomita 72 kwa saa, hairisha safari hata kama hoteli ya mbele umeshailipia. Nimeshabishana na wageni juu ya hilo, na huwa sikubali.

Huku magari hupita kulia, kwa hiyo Mtanzania na Mkenya waanze polepole. Mkongo na Mnyarwanda wako nyumbani. Mwendo wa mwisho ni kilomita 90 kwa saa kwenye lami na 80 kwenye changarawe. Madaraja mengi ya mashambani hupitisha gari moja moja, na anayefika kwanza ndiye anayepita. Kiangazi kondoo huachiwa watembee watakako. Ukimwona mama upande mmoja wa barabara na mwanawe upande wa pili, simama kabisa, maana mmoja wao atavuka, na atachagua sekunde ambayo hukuitegemea. Barabara zenye herufi F ni za milimani, hufunguliwa kiangazi tu, na zinataka gari linalovuta kwa magurudumu manne. Usitoke nje ya njia hata mita mbili: ni kosa la jinai, na ule mmea laini wa kijani unaotanda juu ya mawe kama zulia ukiukanyaga kwa matairi huchukua miongo kupona.

Sisi watu wa pwani ndio ninaotuhofia zaidi kwenye ufuo wa Reynisfjara, karibu na Vík, kwa sababu tunadhani bahari tunaijua. Pale mchanga ni mweusi na mawimbi huja kwa adabu, moja, la pili, la tatu, halafu moja linapanda ufuo mzima na kurudi na mtu. Watalii wameshafia pale. Kuna taa za tahadhari unapoingia. Ikiwaka nyekundu, usishuke mchangani. Hata taa ikiwa nzuri, usiipe bahari mgongo kwa ajili ya picha. Dharura ni 112.

Kwa watu, utajikuta mwepesi kuliko ulivyodhani. Nyumbani kwa mtu viatu huvuliwa mlangoni, kama kwetu. Majina pia utayaelewa haraka kuliko Mzungu yeyote: rais, Halla Tómasdóttir, ni Halla binti Tómas, basi. Hilo la pili si jina la ukoo, na ndiyo maana kila mtu, awe daktari au waziri, huitwa kwa jina lake la kwanza. Mwanzoni ulimi wangu ulikuwa mzito, nikitafuta pa kuweka "mzee". Hawana. Bahashishi hawaitegemei, na kadi hupokelewa hata kwenye kibanda cha soseji. Hizo soseji husifiwa kuwa za kondoo, lakini kwa kawaida huchanganywa na nguruwe. Asiyekula aulize kwanza. Maji baridi ya bomba ni mazuri kuliko ya chupa. Ya moto hunuka yai viza kwa sababu yanatoka ardhini na salfa yake, na kuoga nayo hakuna ubaya.

Sasa bwawa. Karibu kila mji una bwawa la wazi la maji moto, na pembeni yake visima vidogo vya nyuzi 38 hadi 42 ambavyo wenyewe huviita vyungu. Kabla ya kuingia unaoga kwa sabuni, uchi, mbele ya wenzako wa jinsia yako. Ukutani kuna picha ya mwili yenye alama nyekundu za mahali pa kusugua, na mhudumu akikuona umepita na nguo ya kuogelea kavu atakurudisha. Sababu ni kwamba klorini hutiwa kidogo, basi usafi ni juu ya waogaji. Mwenye kuona tabu aulize mapokezi kama kuna chumba cha faragha. Baadhi ya mabwawa wanacho. Kandambili ni za huko, maana viatu huachwa nje ya chumba cha kubadilishia nguo.

Usiruke hatua hii kwa aibu, kwa sababu chungu ndicho baraza lao. Mtu asiyekusalimia dukani atazungumza nawe humo saa nzima. Februari iliyopita theluji ilikuwa ikitudondokea kichwani, na mvuvi mstaafu akaniuliza kwetu upepo hutoka wapi. Nikamweleza kaskazi na kusi, na majahazi yalivyokuwa yakizisubiri. Akataka kujua kusi huanza mwezi gani hasa, na ni samaki gani hupungua. Tulitoka vidole vimekunjamana.